Doti Haivunjwi: shajara ya mchezo wangu wa Maji Mafu

Jumapili, mvua tangu asubuhi

Haya, nimeona bora nianze kuandika maana kila wiki nabadilisha kitu halafu wiki ya pili nasahau kwa nini nilikibadilisha, nakirudisha, kinaharibika palepale kilipoharibikia mwanzo. Sasa hii ni shajara. Anayetaka kufuata afuate.

Kwa ambao hamjui nafanya nini: natengeneza mchezo wa kuigiza wa kukaa mkekani, watu wanne watano, kila mtu ana mhusika wake na mmoja ndo msimuliaji, hakuna simu hakuna skrini, ni stori na karata na bahati. Ulimwengu wenyewe unaitwa Maji Mafu. Ni visiwa ambavyo hisia za watu hazibaki ndani ya watu. Mtu akikasirika mitungi ya maji ya nyumba nzima inapata moto, mtu akiogopa ukungu unaingia mlangoni, na mtu akiwa na huzuni, hii ndo kubwa, kisima cha mtaa kinaingia chumvi. Yaani umefiwa na mume, unalia siku tatu, mtaa mzima hauna maji ya kunywa. Kwa hiyo watu wa kule hawamwambii mfiwa pole, wanamwambia jikaze. Na ndo wakatokea Mafundi wa Kimya, wanaotengeneza vifaa vya kuzima hisia, na hao mafundi wana hela kuliko wenye majahazi.

Mpaka leo nina vifaa 23 kwenye daftari. Vingi ni takataka. Nitapunguza.

Jumamosi, jaribio la kwanza

Limebuma.

Tulikuwa watu watano barazani, mimi, shemeji yangu, binamu yangu, jirani anayefundisha sekondari, na mama mdogo ambaye alikuja kwa ajili ya kashata akanogewa akabaki. Sheria ilikuwa nyepesi, kila hisia ina namba, ukivaa kifaa namba inashuka sifuri, basi. Shemeji ni mtu wa hesabu, anauza simenti, dakika ishirini tu akagundua kwamba hakuna hasara yoyote kuvaa kila kitu. Akavaa kipini, akavaa pete, akavaa mkufu, akavaa mkanda, mhusika wake hana hasira hana hofu hana haya. Akaingia kwenye jumba la Liwali akachukua ufunguo mbele ya walinzi akatoka. Hakuna kilichomgusa. Binamu akasema sasa huyu si mtu tena, ni jiwe lina miguu, na tangu lini jiwe likawa na stori.

Tatizo la pili ni la kijinga zaidi na ni langu mwenyewe. Kwenye karata nilifupisha majina ya hisia kwa herufi ya kwanza ili karata isijae. Hasira H. Huzuni H. Hofu H. Haya H. Husuda H. Hamu H. Huruma H! Sikuwahi kuliona hili maisha yangu yote, nimezaliwa na hii lugha. Jirani mwalimu akacheka mpaka akashika ukuta, akasema hizo zote tumezitoa kwa Waarabu na wao wana H za aina mbili tatu sisi tukazimwaga kwenye moja. Nikasema asante mwalimu, sasa karata zangu 60 nizifanyeje.

Jumatatu usiku

Nimekaa nalo lile la H. Kumbe jibu lilikuwa mdomoni mwetu siku zote, sisi tukiongea kawaida hatusemi nina hasira nina huzuni kama daktari. Tunasema damu inachemka. Tunasema amenikata maini. Watu matumbo joto. Yule ana uso mkavu. Ana jicho. Moyo umependa. Yaani hisia zetu zina anwani, kila moja ina mtaa wake kwenye mwili.

Kwa hiyo karata mpya ya mhusika ni mchoro wa mtu amesimama na ana sehemu sita: damu (hasira), maini (huzuni), tumbo (hofu), uso (haya), jicho (husuda), moyo (hamu na mapenzi). Hakuna H hata moja. Huruma nimeitoa kwanza, sijui inakaa wapi, wengine wanasema ini wengine moyo. Itasubiri.

Na kifaa sasa hakizimi "hisia", kinakandamiza mahali. Hiyo imenisaidia kuchagua. Kama kinakandamiza jicho basi kiwe kitu cha jichoni. Kati ya vile 23 nimebakiza sita:

Kipini cha puani kwa ajili ya damu, maana mtu akikasirika pua ndo zinaanza kupanuka. Leso, yaani kanga, kwa ajili ya maini. Chetezo kwa ajili ya tumbo. Barakoa, ile ya zamani ya mabibi wa Kimanga siyo ya korona, kwa ajili ya uso. Wanja kwa ajili ya jicho. Kikuba cha asumini na rehani kwa ajili ya moyo.

Kikuba nakipenda kupita vyote kwa sababu saa yake imo ndani yake mwenyewe. Kinanukia usiku, asubuhi kimesinyaa. Kwa hiyo mtu anayetaka kumsahau mtu ana usiku mmoja tu, halafu lazima akanunue kingine, na muuza vikuba anajua nani anakuja kila siku. Hapo nimepata mhusika bila kumtafuta.

Jumatano

Jirani mwingine, mzee wa heshima, aliona daftari langu la zamani akakuta neno hirizi. Akaniita pembeni akaniambia taratibu tu, mwanangu, hivyo vitu watu wanaviamini na wengine wanavikataza, wewe unaviweka kwenye mchezo wa kashata na soda. Sikubishana naye. Na kwa kweli hata kimchezo yuko sahihi, hirizi kila mtu akiiona anajua ni dawa, hakuna siri. Kipini kimevaliwa na nusu ya mji, utajuaje kipi ni cha urembo na kipi kimemfunga mtu damu? Hirizi nje.

Ijumaa, umeme hakuna

Nasoma kwa tochi ya simu. Natafuta adhabu ya mtu kama shemeji, anayevaa kila kitu. Nilijaribu kupunguza pointi, ukivaa vifaa vitatu unapoteza mbili kwenye dadu, lakini huyu mtu anauza simenti, akikuta hasara ya mbili na faida ya tano anavaa tu.

Nimekuta kitu. Kuna daktari wa ubongo anaitwa Antonio Damasio aliandika habari za mgonjwa aliyempa jina la Elliot. Alitolewa uvimbe mbele ya ubongo, akapona, akili zake zikapimwa zikaonekana nzuri tu, hesabu anajua, kumbukumbu anayo, anaongea vizuri. Ila hisia zimepoa. Anasimulia mabalaa yake mwenyewe kama anasoma bei za sokoni. Sasa ungedhani mtu kama huyo ataamua mambo kwa busara, hana jazba, hana woga. Kumbe hawezi kuamua kabisa! Ukimpa vitu viwili achague anavipima, anavipima tena, mchana unaisha. Kazi ikamshinda, ndoa ikavunjika, hela ikaenda kwenye biashara mbovu.

Yaani kinachotufanya tuseme "basi, nachukua hiki" siyo hesabu, hesabu haina mwisho. Kuna kitu ndani kinasema basi. Ukikizima hicho hakuna anayesema basi.

Sheria mpya: mwenye vifaa vitatu au zaidi hachagui. Kila penye njia mbili lazima ataje faida na hasara za kila njia, zote, mpaka mezani wote wakubaliane amemaliza, halafu wenzake ndo wanampigia kura.

Jumamosi, jaribio la pili

Shemeji kavaa vinne. Kafika njia panda, kulia mgahawa, kushoto bandarini. Akaanza. Kulia kuna chakula na yeye ana njaa, ila ana hela kidogo, ila bandarini kuna jahazi, ila jahazi laweza kuwa limeondoka, ila kama limeondoka basi hakuna haraka ya kwenda, ila kama halijaondoka... Dakika kumi na tano! Binamu kalala kweli kweli, mdomo wazi. Mama mdogo akasema mpelekeni mgahawani jamani mimi ndo nina njaa. Kufika mgahawani kuna wali wa nazi na kuna mihogo, nikasema shemeji chagua. Akaniangalia. Akashika kipini chake cha karatasi akakitoa puani, akakiweka katikati ya mkeka, akasema nakasirika, nataka wali.

Tukapiga makofi. Ni mara ya kwanza kwenye huu mchezo mtu kavua kifaa kwa hiari yake.

Jumapili

Barakoa pia nimeipatia dawa. Kuna utafiti wa Jane Richards na James Gross wa mwaka 2000, watu walioambiwa waangalie picha huku wanaficha sura zao zisionyeshe chochote, baadaye walikumbuka kidogo kuliko wenzao yale yaliyosemwa wakati wanaangalia. Kujikausha uso ni kazi, inakula nafasi ya kusikiliza. Kwa hiyo aliyevaa barakoa haruhusiwi kuandika notsi wala kuuliza "alisemaje?" Likipita limepita. Gross huyohuyo na Robert Levenson walikuwa wamepima zamani kidogo, miaka ya 90, wakaona uso unatulia lakini mwili chini yake unafanya kazi zaidi. Sisi tunaita kujikaza kisabuni. Sabuni yenyewe unajua inavyokuwa ukiikaza.

Wanja bado sijapata. Nikijaribu naona unageuka kuwa zawadi, nani hataki kuondolewa kijicho?

Alhamisi

Swali linalonisumbua sasa ni moja na ndo lilitakiwa kuwa la kwanza. Hisia iliyokandamizwa *inakwenda wapi?*

Kwenye visiwa vyangu hasira inachemsha mitungi, sasa ukivaa kipini na mitungi haichemki, ule moto umekwenda wapi? Fundi hawezi kusema umepotea, watu wa kule ni wavuvi, wanajua kitu kikitupwa baharini kinarudi.

Na hapo hapo nikasema aa. Maji.

Sisi huku Tanga kila mtu anajua hata kama hajui kwamba anajua. Maji yanajaa yanakupwa mara mbili kwa siku, na mara mbili kwa mwezi linakuja bamvua, mwezi ukiandama na mwezi ukiwa mpevu, maji yanapanda juu kabisa mpaka yanagusa ngazi halafu yanatoka mbali mpaka unaona mawe ambayo hujawahi kuyaona. Katikati yake ndo maji mafu, bahari imelegea, haipandi haishuki ya maana. Mchezo wangu unaitwa Maji Mafu tangu siku ya kwanza na nililiweka kwa sababu ni jina zuri tu! Sikuwa nimelifikiria. Kumbe ndo sheria yenyewe. Vifaa vinafanya kazi maji yakiwa mafu. Likija bamvua kila ulichokandamiza kinarudi kwa pamoja.

Na nitatumia bamvua la kweli. Siyo la kurusha dadu. Tunacheza kila Jumamosi, msimuliaji anatoka nje anaangalia mwezi.

Jumamosi, hatujacheza, msiba mtaani

Nimekaa na babu. Babu ana bao la zamani la mninga, mashimo 32, komwe 64, na hakuna anayeruhusiwa kuligusa bila yeye kuwepo. Nikamweleza mchezo wangu, akasikiliza kama anavyosikiliza taarifa ya habari, halafu akasema sasa hizo namba za kuandika na kufuta kwa penseli za nini, si uhesabu kwa komwe.

Komwe kama huzijui ni zile mbegu za kijivu, ngumu, baridi mkononi. Utotoni tulikuwa tunaisugua moja kwenye sakafu ya simenti mpaka inapata moto halafu unamgandishia mwenzio shingoni unakimbia. Babu akanikumbusha na bao lenyewe, kwamba kila upande una shimo moja kubwa linaitwa nyumba, linaanza na komwe sita, na unaweza kuzilimbikiza mle muda mrefu, mpinzani anaziona, anajua, anasubiri. Halafu siku moja unasafiri. Unazichukua zote unazimwaga shimo moja moja na uso wa bao wote unabadilika kwa mkono mmoja.

Nilitaka kulia mzee wa watu. Nimehangaika miezi mitatu na eksel.

Kwa hiyo: dadu basi. Kila sehemu ya mwili ina komwe. Ukivaa kifaa komwe za pale unazihamishia nyumba, kikombe cha kahawa mbele yako ambacho kila mtu anakiona. Bamvua likija unasafiri, unazimwaga zote sehemu moja baada ya nyingine, huchagui. Hasira uliyozima inaweza kudondokea moyoni. Huzuni inaweza kuishia jichoni. Na wanja nao umepata bei yake, maana kijicho ulichokizima wewe hujui kitarudi na sura gani.

Babu kaniazima komwe 40 za akiba. Kwa masharti.

Jumanne

Stesheneri moja hapa mjini imenichapia karata 60 na zote migongo imechapwa kichwa chini, na kwenye ile ya chetezo wameandika CHEREZO. Wakaniambia faili ndo lilikuja hivyo. Nimeangalia faili, halikuja hivyo. Basi. Elfu kumi na nane imekwenda. Nakata kwa mkasi kama mtoto wa chekechea.

Jumamosi, jaribio la tatu, maji mafu

Chetezo kimefanya kazi kuliko nilivyotegemea. Sheria ni kwamba kinazima tumbo muda wote makaa yanapowaka, na nikaona nisiandike dakika, nilete chetezo cha kweli. Mama mdogo akatia udi. Wakaingia kwenye pango la Liwali bila hofu yoyote, wanajibizana na mlinzi, wanatukana, raha tupu, na kila baada ya muda naona binamu anachungulia makaa. Hofu haikuwa kwa mhusika tena, ilikuwa kwa mchezaji. Moshi ulipoanza kukonda walikuwa bado wamo ndani, shemeji anapuliza makaa kwa mdomo mpaka jivu likamwingia machoni.

Sikuandika kitu kama hicho mahali popote, kimetokea chenyewe.

Ila leso ndo imenishinda. Mama mdogo ndo anacheza mjane. Mumewe kazama, kisima cha mtaa kimeanza kuingia chumvi, majirani wamekuja usiku na leso imekunjwa vizuri, wanasema vaa hii mwenzetu, watoto hawana maji. Kwangu hii ndo ilikuwa sehemu nzito kuliko zote. Nikampa karata. Akaisoma, akaigeuza, akaniuliza:

"Na upande wa pili kavaa nani?"

Nikasema upande gani wa pili mama?

Mama mdogo anauza kanga miaka mingi sana. Akaniangalia kwa huruma kabisa. "Mwanangu, leso haiuzwi upande mmoja. Ni doti. Unanunua pande mbili zimeshikana, unakata, unapinda, moja unajifunga moja unajitanda. Huyu mjane wako kapewa moja. Ya pili iko kwa nani?"

Sikuwa na jibu. Nikasema tutaahirisha. Halafu akaongeza, na jina lake gani hii? Maana nilikuwa nimeandika pale chini jina la leso, "Moyo wangu umetulia." Akasema hilo siyo jina la kanga, hiyo ni meseji ya simu.

Usiku huohuo

Silali.

Upande wa pili kavaa nani.

Mimi nilikuwa nimeshafurahi na bahari yangu na bamvua langu, kwamba huzuni inatoka na maji inarudi na maji, na ni nzuri, naibakiza kwa vifaa vingine vyote. Lakini kwa leso siyo kweli. Majirani wale hawakungoja bamvua. Kisima kilipona *usiku uleule.* Maana yake chumvi ilipata pa kwenda haraka, na pa kwenda haraka ni kwa mtu.

Kuna mtu kavaa upande wa pili. Kasichana fulani, kamepewa hela kidogo, au hakajapewa, kanakaa mbali na kisima, kisiwa kingine kabisa ambako hakuna wa kulalamika. Kanalia kilio cha mume ambaye hakakuwa wake. Hakajui hata jina lake. Na Mafundi wa Kimya wanajua hili tangu doti ya kwanza, ndo biashara yenyewe, hawazimi kitu, wanahamisha.

Nimeamka kuandika jina jipya la leso kabla halijapotea: *Msiba wangu, chozi la mwenzangu.*

Jumatatu

Nimempelekea mama mdogo jina dukani. Kalisoma kimya, akasema hilo naweza kuuza. Halafu akasema, ila anayelinunua hatalivaa, atampelekea mtu. Ndo kanga zilivyo, ukiwa na neno huwezi kulisema unamvalia mwenzio alisome mgongoni kwako akikupita.

Nilivyokuwa pale nikajifunza na mambo mengine. Kwamba leso ina pindo, ina mji, ina jina, na kwamba watu wa zamani walikuwa wanashona vitambaa vya mkononi pamoja kupata nguo moja, ndo likatoka hilo neno leso, la Kireno. Na lile duka la Mombasa la Kaderdina Hajee Essak, lilianza 1887, mpaka leo kanga zake nyingine zinaandikwa Mali ya Abdulla. Nimeamua kwamba na leso za Mafundi zina alama ndogo kama hiyo pembeni mwa jina, namba. Pande mbili za doti moja zina namba moja. Ndo namna pekee ya kumtafuta mwenye upande wa pili.

Kwa hiyo stori nzima ya mchezo imegeuka. Ilikuwa watu wanatafuta ufunguo wa Liwali. Sasa mjane anatafuta namba.

Sheria ya leso, imekamilika: komwe za maini haziendi kwenye nyumba yako, msimuliaji anazichukua anaziweka kwenye kikombe kilichofunikwa ambacho hakuna mchezaji anayekiona, na hasemi ni cha nani. Kila ukifiwa, kila ukiumia, anachukua nyingine. Wanasikia tu mlio wa komwe inadondoka.

Jumatano

Mtu kaniuliza kwa nini mjane asivue tu. Anaweza. Lakini kisima kitaingia chumvi siku hiyohiyo na majirani wanacheza wachezaji wengine, siyo mimi msimuliaji. Shemeji na binamu ndo majirani. Wao ndo wana watoto wa karata wenye kiu. Sitaki kuwafanya wabaya, hawana ubaya wowote, wamekunja leso vizuri wakaja nayo usiku kwa heshima zote. Funika kombe mwanaharamu apite. Mimi mwenyewe kwenye msiba nimeshamwambia mtu jikaze, tena wiki mbili tatu tu zilizopita, hapahapa mtaani.

Jumamosi, bamvua, mwezi mpevu

Tumecheza mpaka saa saba usiku, wengine mmesikia kelele.

Walifika kisiwa cha pili. Mwalimu ndo alicheza kile kisichana kwa mara ya kwanza, nilimpa karata pembeni asubuhi na kikombe kilichofunikwa asikifunue. Mama mdogo akaingia kwenye kibanda, akakikuta kile kisichana kinalia, akauliza una nini, mwalimu akajibu sijui, akasema tena, *sijui, mimi sina mtu aliyekufa.* Ndivyo alivyosema, sikumfundisha. Mama mdogo akaangalia namba kwenye leso. Akaangalia na yake.

Nikamwambia kifunue kikombe. Zilikuwa komwe kumi na moja.

Hapa nilikuwa nimeandaa njia tatu, nimeziandika kabisa, kuvua, kununua mtu wa tatu, au kurudi kwa Mafundi. Mama mdogo hakufuata hata moja. Alimwambia mwalimu nipe hiyo, akachukua upande wa pili, na wa kwanza hakuvua. Akajifunga mmoja akajitanda mwingine kama leso inavyovaliwa siku zote. Akauliza, sasa nimevaa doti nzima, zinakwenda wapi?

Sina sheria ya hilo. Nikanyamaza. Babu, ambaye alikuwa kakaa kwenye kiti nyuma yetu tangu magharibi na tulidhani kalala, akasema: "Si asafiri."

Akasafiri. Kachukua zote kumi na moja akazimwaga, damu, maini, tumbo, uso, jicho, moyo, akarudi damu, maini, tumbo, uso, ya mwisho ikaishia jichoni. Hazikurundikana mahali pamoja. Mbili hapa, mbili pale, moyoni moja. Mtu anaweza kutembea na komwe mbili kwenye maini, sheria inasema hivyo tangu mwanzo, mpaka nne hakuna kinachotoka nje.

Ila bamvua ni bamvua, nikasema kisima cha kwao kimeingia chumvi kidogo, maji yananywewa ila yanakolea. Nikawaangalia majirani. Binamu akasema sisi tutakunywa madafu mpaka yapungue, hakuna shida. Shemeji akapiga hesabu ya minazi. Inatosha siku tisa.

Jumapili

Ya kufanya:

Kuandika sheria ya kuvaa doti nzima, vizuri, kwa sababu sasa kila mtu atataka kuijaribu na haitakiwi kuwa rahisi hivyo. Nafikiri lazima uwe umemwona kwa macho mwenye upande wa pili, huwezi kutumiwa na jahazi.

Huruma nimejua inakaa wapi ila sijui jinsi ya kuichora.

Karata kuchapa upya, stesheneri nyingine.

Komwe za babu ni 39. Moja haionekani, tumeinua mkeka, tumeangalia kwenye chetezo, hakuna. Ijumaa ana watu wa bao wanakuja na ameshaniuliza mara mbili.